Ibrahim Sekagya: Kutoka ngome ya Cranes hadi benchi la ukufunzi New York

IBRAHIM Sekagya, aliyezaliwa jijini Kampala mnamo Desemba 19, 1980, ni miongoni mwa mabeki wachache wa Afrika Mashariki waliodumu kwa muda mrefu katika soka ya kulipwa ughaibuni. Alikuwa nahodha wa timu ya taifa ya Uganda, Cranes, akatwaa mataji nchini Austria na Amerika, na alipoangika daluga zake akageukia ukufunzi. Hata hivyo, kuna jambo moja alilolisaka kwa zaidi ya mwongo mmoja bila kulipata: kuiongoza Uganda katika fainali za Kombe la Mataifa ya Afrika (AFCON).

Argentina hadi Austria

Sekagya aliichezea klabu ya Kampala City Council kabla ya kuvuka bahari mwanzoni mwa miaka ya 2000. Ilhali wanasoka wengi wa kanda hii huanza kubisha hodi Ulaya, yeye alielekea Argentina, nchi ambayo haikuwa na mazoea ya kusajili wachezaji kutoka Afrika Mashariki. Huko alivalia jezi za Atletico de Rafaela na baadaye Arsenal de Sarandi. Ligi hiyo haimvumilii beki anayesitasita, kwa kuwa washambuliaji wake huwa wepesi wa miguu na wajanja wa kutafuta mipira ya adhabu.

Mnamo 2007 alijiunga na Red Bull Salzburg ya Austria na kukaa huko kwa miaka sita. Alitwaa ubingwa wa ligi katika misimu ya 2008/09, 2009/10 na 2011/12, na mwaka 2012 klabu hiyo ikashinda pia Kombe la Austria. Katika msimu wa 2009/10, Salzburg ilishinda mechi zake zote sita za kundi katika Europa League, kundi lililokuwa na Lazio ya Italia na Villarreal ya Uhispania.

Manufaa ya miaka hiyo hayakuwa mataji pekee. Salzburg ilibadilisha makocha mara kwa mara, na kila mmoja alikuja na falsafa yake. Sekagya alimkuta Giovanni Trapattoni wa Italia, kisha wakafuata Waholanzi Co Adriaanse, Huub Stevens na Ricardo Moniz, na hatimaye Mjerumani Roger Schmidt aliyetaka timu imkabe mpinzani tangu mbele. Kwa beki wa kati, ambaye huuona uwanja wote ukiwa mbele yake, hayo yalikuwa masomo ya ukufunzi hata kabla hajaingia darasani.

Jioni ya Namboole

Kwa mashabiki wa mpakani, kuanzia Namboboto katika eneo la Funyula hadi Malaba, jina la Sekagya linafungamana na mechi moja. Wasamia na Wateso wanaishi pande zote mbili za mpaka, hivyo mchuano wa Kenya na Uganda huweza kuwagawanya watu wa ukoo mmoja. Barabara za kutoka Busia na Malaba hukutana ndani ya Uganda na kuendelea kupitia Bugiri, Iganga na Jinja. Msafiri huufikia uwanja wa Namboole kabla hajaingia katikati ya Kampala.

Mnamo Oktoba 8, 2011, Cranes waliikaribisha Harambee Stars ugani humo katika mechi ya mwisho ya Kundi J ya kufuzu kwa AFCON 2012. Uganda ilikuwa kileleni kwa alama 10, Angola ilikuwa na tisa na Kenya saba. Ushindi wowote ungewapeleka Cranes katika fainali ambazo hawakuwa wamezifikia tangu 1978, walipofungwa 2-0 na Ghana katika fainali jijini Accra.

Waganda walishambulia muda mrefu, lakini kipa Arnold Origi na ngome ya Kenya hawakuteteleka. Mechi iliisha 0-0. Angola iliilaza Guinea-Bissau 2-0 siku hiyo na kufuzu kwa alama 12 dhidi ya 11 za Uganda. Kenya haikufuzu, lakini ndiyo iliyoufunga mlango wa jirani.

Haikuwa mara ya kwanza kwa Sekagya kuonja uchungu huo. Katika kampeni ya kufuzu kwa AFCON 2008, Uganda iliichapa Nigeria 2-1 mnamo Juni 2, 2007 katika uwanja uo huo, lakini ikamaliza ya pili kundini nyuma ya Nigeria na kuachwa nje. Baada ya sare na Kenya, alistaafu soka ya kimataifa. Uganda ilifuzu miaka mitano baadaye, ilipoishinda Comoros 1-0 mnamo Septemba 4, 2016.

Ukufunzi

Mwaka 2013 Sekagya alihamia New York Red Bulls, timu iliyokuwa na Thierry Henry na Tim Cahill. Mwaka huo klabu hiyo ilitwaa Supporters' Shield, tuzo ya timu yenye alama nyingi zaidi katika msimu wa kawaida wa ligi ya Amerika, likiwa taji lake kubwa la kwanza.

Alipostaafu, klabu hiyo ilimpa kazi ya kocha msaidizi katika timu yake ya pili, New York Red Bulls II, iliyoanzishwa 2015 ili kuwalea chipukizi. Mwaka 2016 timu hiyo ilitwaa ubingwa wa ligi ya USL kwa kuibwaga Swope Park Rangers 5-1 katika fainali. Baada ya miaka mingi ya usaidizi, Sekagya aliteuliwa kocha mkuu wa timu hiyo mwaka 2023. Mwaka 2025 wadhifa huo ulichukuliwa na Michael Bradley, nahodha wa zamani wa Amerika.

Swali linalosalia

Katika kipindi hicho, Cranes walikabidhiwa makocha wa kigeni mmoja baada ya mwingine: Bobby Williamson wa Scotland, Milutin 'Micho' Sredojevic wa Serbia mara mbili, Sebastien Desabre wa Ufaransa, Johnathan McKinstry wa Ireland Kaskazini na Paul Put wa Ubelgiji. Wazawa walishikilia usukani kwa muda tu.

Kenya nayo haina la kujivunia. Musa Otieno, beki aliyekuwa nahodha wa Harambee Stars katika AFCON 2004 nchini Tunisia na bingwa wa Afrika Kusini na Santos msimu wa 2001/02, alirejea timu ya taifa kama msaidizi wa Williamson yule yule.

Kocha wa kigeni si kosa; Sekagya mwenyewe alikuwa kocha wa kigeni huko New York. Tofauti ni kwamba klabu ile ilimpokea alipoacha kucheza, ikamweka chini ya wengine, ikamfunza kazi kwa miaka minane, ndipo ikamkabidhi timu. Mashirikisho ya kanda hii huwakumbuka manahodha wao wa zamani pale mgeni anapofutwa, na huwataka washinde mechi ya wiki ijayo.