Dhahabu ya Tibesti na damu ya mpakani



Mwezi Agosti mwaka 2018, waasi wa kundi lijulikanalo kwa kifupi kama CCMSR, yaani Baraza la Uongozi wa Kijeshi kwa ajili ya Wokovu wa Jamhuri, waliwashambulia askari wa serikali ya Chad huko Kouri Bougoudi. Mahali hapo ni machimbo ya dhahabu katikati ya jangwa, mpakani kabisa na Libya. Waasi walitangaza kwamba wameua askari wengi na kuteka wengine. Upande wa serikali ulitaja hesabu ndogo mno. Baada ya siku chache dunia ilikwisha kugeukia mambo mengine, na hesabu zile mbili zikabaki zilivyo, kila moja kivyake. (Neno “wokovu”, tukiri, hupendwa sana na wenye bunduki.)

Mintarafu tukio kama hili, ni rahisi kusema kwamba watu wa jangwani wamezoea kupigana, kisha tukaendelea na shughuli zetu. Sisi twaona kwamba usemi huo si wa haki. Vita ya Kouri Bougoudi ina ukoo wake, na ukoo huo ni mrefu kuliko dhahabu yenyewe.

Tibesti ni safu ya milima ya volkano kaskazini mwa Chad. Mlima wake mrefu kuliko yote, Emi Koussi, unapita mita 3,400 kwenda juu, nao ndio kilele cha Sahara nzima. Wenyeji wake ni Wateda, tawi la watu waitwao Watubu, wafugaji wa ngamia na mbuzi na walimaji wa mitende mabondeni. Kiongozi wao wa jadi huitwa derde. Kutoka huko hadi mji mkuu N’Djamena ni safari ya zaidi ya kilometa elfu moja, sehemu kubwa ikiwa mchanga na mawe matupu. Kwa muda mrefu serikali zilizokaa N’Djamena ziliijua Tibesti kama mahali pa kupeleka askari tu. Mwaka 1965, mjini Bardaï, askari mmoja aliuawa katika ugomvi, na watawala wakawaadhibu wenyeji wote kwa pamoja, wenye hatia na wasio na hatia. Mwaka uliofuata derde Oueddei Kichidemi alikimbilia Libya. Mwaka 1968 walinzi wa asili ya jangwani waliasi huko Aozou, na Rais Tombalbaye akaiomba Ufaransa imsaidie. Mwana wa derde yule, Goukouni Oueddei, alishika silaha, na baadaye akawa mkuu wa nchi.

Halafu kuna suala la mpaka. Ukitazama ramani utauona umenyooka kama uzi, kwa sababu ulichorwa na watu waliokuwa Ulaya. Mwaka 1935 Ufaransa na Italia zilitia sahihi mkataba wa kuusogeza, lakini mkataba huo haukukamilishwa kisheria. Mwaka 1955 Ufaransa na Libya zilipatana upya. Juu ya karatasi hizo Kanali Gaddafi alijenga dai lake. Majeshi yake yaliingia katika Ukanda wa Aozou mwaka 1973, eneo la kilometa za mraba zipatazo 114,000, na ilibidi vita ipiganwe. Mwaka 1987 Wachadi, wakiwa juu ya magari mepesi ya Toyota, waliwashinda Walibya waliokuwa na vifaru na ndege. Hatimaye, tarehe 3 Februari 1994, Mahakama ya Kimataifa ya Haki iliamua kwa kura 16 dhidi ya 1 kwamba ukanda ule ni wa Chad. Libya iliondoka kabla ya mwezi Mei kwisha. Ni mfano adimu wa madola mawili ya Afrika kuitii mahakama, nasi hatupendi kuupita bila kuutaja.

Hata hivyo hukumu ya mahakama haikuwapa wenyeji zahanati wala shule, na mabomu ya ardhini yaliyotegwa wakati wa vita yalibaki mchangani. Mwaka 1998 uasi mwingine ulianza Tibesti, ukiongozwa na Youssouf Togoïmi, aliyepata kuwa waziri. Mwaka 2002 gari lake lilikanyaga bomu la namna hiyo, naye akafa kwa majeraha.

Katika nchi hiyo yenye makovu ndipo dhahabu ilipoonekana, karibu mwaka 2012 na 2013. Wakati uleule Jebel Amir, huko Darfur ya Sudan, palikuwa pamefurika wachimbaji, na habari zilienea jangwani kwa kasi ya ajabu. Watu walikuja kutoka mashariki mwa Chad, kutoka Sudan, Niger na Libya, wengi wakiwa na vifaa vya kutambulia madini vinavyolia pale chini ya mchanga penye kitu. Palipoonekana mwamba wenye dhahabu, mashimo yalichimbwa, mawe yakasagwa kwenye mashine ambazo wachimbaji wa kwetu huziita karasha, unga wake ukachanganywa na zebaki. Chakula, mafuta na hata maji ya kunywa vililetwa kwa magari, vingi kutoka miji ya kusini mwa Libya. Dhahabu ilitoka kwa njia hizohizo, na sehemu kubwa yake iliishia Dubai.

Hapa yatupasa tuwatazame kwa namna ya pekee vijana waliofika huko bila senti. Wasafirishaji waliwachukua kwa mkopo. Walipofika machimboni, mwenye shimo alimlipa dereva, na tangu saa hiyo kijana akawa na deni kwa mwenye shimo. Alichimba miezi mingi bila ujira mpaka deni liishe, na aliyehesabu deni alikuwa ni yuleyule mdai. Wengine waliuzwa kutoka shimo moja hadi jingine. Nani awalinde? Serikali ya Libya ilikuwa imesambaratika tangu kuanguka kwa Gaddafi mwaka 2011. Chad nayo iliufunga mpaka wake mwezi Januari 2017, lakini jangwa halina lango.

Wateda hawakufurahi kuona mabonde yao yakijaa wageni. Kuanzia mwaka 2014 kulikuwa na mapigano kati yao na wachimbaji wa kabila la Wazaghawa, ambalo ndilo kabila la Rais Idriss Déby, na jambo hilo liliongeza shaka kwamba askari hawakuja kuamua bali kuchukua upande. Mwaka 2018 serikali iliamua kuitoa Miski, yenye dhahabu, katika mkoa wa Tibesti na kuiweka chini ya mkoa wa Borkou. Wenyeji waliona kwamba wanaporwa kwa kalamu. Waliunda kamati ya kujilinda, wakapigana na jeshi hadi mapatano ya Novemba 2019.

Basi CCMSR ilipolishambulia jeshi Agosti 2018, ilipiga mahali penye uchungu uliokwisha kuiva. Kundi hilo lilizaliwa mwaka 2016 kwa kujitenga na kundi jingine la waasi, FACT, na makao yake yalikuwa kusini mwa Libya. Serikali ilijibu kwa kuwaamuru wachimbaji waondoke Kouri Bougoudi, na helikopta zikatumwa. Tulijiulize hili kwa utulivu: mchimbaji mwenye deni, asiye na gari wala maji ya siku mbili, aondoke aende wapi? Aliyeko angani hawezi kumtofautisha na mwasi. Magari yao ni ya namna moja, na vilemba vyao vilevile.

Miezi sita baadaye, mapema Februari 2019, msafara wa waasi wengine, wa kundi la UFR, uliingia kutoka Libya ukiwa na magari yapatayo arobaini, na ndege za Ufaransa ndizo zilizoupiga. Kisha ikaja tarehe 11 Aprili 2021, siku ya uchaguzi wa rais. FACT, chini ya Mahamat Mahdi Ali, walivuka mpaka na kuteremka kusini hadi Kanem. Wapiganaji hao walikuwa wameishi miaka kadhaa katika vita vya Libya, vilivyowapa silaha na riziki. Déby, aliyetawala tangu Desemba 1990 na kupewa cheo cha marshali mwaka 2020, alikwenda mwenyewe mstari wa mbele. Tarehe 19 ilitangazwa kwamba ameshinda muhula wa sita. Tarehe 20 ilitangazwa kwamba amekufa kwa majeraha ya vitani. Mwanawe, Jenerali Mahamat Idriss Déby, alishika madaraka siku hiyohiyo, na mwaka 2024 akatangazwa mshindi wa uchaguzi.

Huko Kouri Bougoudi damu ilimwagika tena tarehe 23 na 24 Mei 2022, safari hii pasipo waasi. Ulikuwa ugomvi wa watu wawili, ukawa vita kati ya wachimbaji Waarabu na wachimbaji wa kabila la Watama. Waziri wa ulinzi alisema waliouawa ni kama 100, na majeruhi wasiopungua 40. Serikali iliagiza tena uchimbaji usimamishwe na watu waondolewe.

Mwezi Agosti mwaka huohuo, zaidi ya makundi arobaini yalitia sahihi mapatano ya Doha pamoja na serikali ya N’Djamena. FACT walikataa. Mwanzoni mwa mwaka 2023 wapiganaji wao zaidi ya 400 walihukumiwa kifungo cha maisha kuhusiana na kifo cha marshali. Kabla ya mwezi Machi kwisha, rais, ambaye ndiye mtoto wa marehemu, aliwasamehe 380 kati yao. Mahamat Mahdi Ali, aliyehukumiwa akiwa hayupo, hakuwamo.