Jonathan Kingdon: mchoraji wa wanyama aliyezaliwa Tabora

Kuku wanapiga kelele usiku. Unamulika tochi, unaona mnyama mwenye madoa akitokomea kwenye majani. Ni kanu au ni fungo?

Sisi wa Kilosa na Mikumi, tunaoishi jirani na hifadhi, tunalijua swali hili. Picha ya simu itaonyesha macho yanayong'aa tu. Mchoro mzuri huwaweka wote wawili pamoja: kanu ni mdogo kama paka, mkia mrefu wenye pete, fungo ni mkubwa zaidi, uso na miguu myeusi, na manyoya yanayosimama mgongoni. Fungo hula sana matunda na wadudu.

Kuchora namna hiyo ni kazi ya mchoraji wa kisayansi. Mmoja wa wanaojulikana zaidi duniani ni Jonathan Kingdon.

Alizaliwa Tabora mwaka 1935. Alisomea sanaa Oxford na London, Uingereza, kisha akafundisha sanaa Chuo Kikuu cha Makerere, Uganda. Kati ya 1971 na 1982 alitoa vitabu 7 kuhusu wanyama wanyonyeshao wa Afrika Mashariki. Maandishi yake, michoro yake.

Alifanyaje kazi?

Hakuishia kwenye ngozi. Aliwachora wanyama hai wakitembea na kula, na waliokufa aliwapasua ili achore misuli, mifupa na fuvu. Kwa njia hiyo mchoro ulijibu maswali: kwa nini mnyama huyu anakimbia hivi, kwa nini taya lake liko vile.

Mwaka 1997 alitoa kitabu cha kutambulia wanyama wa Afrika nzima, ambacho watafiti na waongoza watalii hukitumia hadi leo. Mwaka 2013 kilitoka kingine cha juzuu 6, akiwa mmoja wa wahariri na mchoraji.

Mtoto wako anapenda kuchora?

Usimwambie anapoteza muda. Kazi hii inahitaji baiolojia na sanaa kwa pamoja. Aanze na jogoo wa nyumbani: apime mguu kwa rula, ahesabu vidole, achore anachokiona, siyo anachodhani. Kisha alinganishe mchoro na jogoo mwenyewe, arekebishe.