Kuhama, Kuhamia na Kuhamishwa: Kanuni za Ravenstein Ukingoni mwa Mto Kagera

Ernst Georg Ravenstein alizaliwa Frankfurt, Ujerumani, mwaka 1834. Alikuwa mwanafunzi wa August Petermann, bingwa wa ramani, na mwaka 1852 alihamia Uingereza. Tangu 1855 hata 1875 alitumika katika idara ya ramani ya Wizara ya Vita, na katika miaka ya 1882 na 1883 alikuwa profesa wa jiografia katika Bedford College, London. Wataalamu wa Kiswahili wana sababu ya kumkumbuka, maana kitabu cha safari za J. L. Krapf, kilichotolewa kwa Kiingereza mwaka 1860, kina maelezo yake juu ya uchunguzi wa jiografia ya Afrika ya Mashariki. Tena mwaka 1879 alichapisha makala ya takwimu juu ya wasemao lugha za Kikelti katika visiwa vya Uingereza. Lakini sifa yake kubwa yatokana na kanuni zake za uhamaji, nazo zafaa kupimwa katika Karagwe na Kyerwa, nchi iliyomo katika ramani yake mwenyewe.

Ramani hiyo, ya Afrika ya Mashariki ya kati ya nchi, ilitolewa na Chama cha Kifalme cha Jiografia cha London kati ya 1881 na 1883. Ravenstein aliitunga kwa kulinganisha habari za wasafiri. Speke na Grant walikuwa wamefika kwa Rumanika, mtawala wa Karagwe, mwezi wa Novemba 1861, na Stanley alifika huko mwaka 1876. Wakati huo Kagera ulikuwa mto wa kuvukwa tu. Mpaka wa madola ya Kizungu haukuwako bado.

Mwaka 1885 Ravenstein alisoma makala yake juu ya kanuni za uhamaji mbele ya Chama cha Takwimu cha London. William Farr alikuwa amesema kwamba uhamaji hauonekani kufuata kanuni yo yote. Ravenstein alitaka kuonyesha kwamba upo utaratibu. Alitwaa hesabu ya watu ya 1881, akalinganisha mahali mtu alipozaliwa na mahali alipokutwa. Aliona kwamba wahamaji walio wengi huenda mwendo mfupi; kwamba kila mkondo mkubwa wa watu huzaa mkondo wa kurudi; na kwamba waendao mbali huelekea aghalabu kwenye miji mikubwa ya biashara na viwanda. Mwaka 1889 aliendeleza uchunguzi huo katika nchi nyingine nyingi.

Ukingoni mwa Kagera kanuni ya mwendo mfupi yathibitika vizuri. Wahaya waliopungukiwa na ardhi karibu na Ziwa Viktoria walihamia Karagwe, safari isiyo ndefu, wakapanda migomba na kahawa. Watu wa Gisaka, Ndorwa na Nkore walivuka mto kwa malisho, kwa ndoa na kwa kukimbia njaa au vita, na Wanyambo nao walivuka kwenda kwao. Wilaya ya Kyerwa ilipotengwa na Karagwe mwaka 2012, hesabu ya mwaka huo ilionyesha watu 332,020 Karagwe na 321,026 Kyerwa.

Tatizo laanza katika kutaja majina. Huko Uingereza, mtu aliyevuka mpaka wa kaunti alibaki Mwingereza. Kwenye Kagera, mwendo ule ule mfupi humfanya mtu kuwa mgeni, na pengine mpaka ndio uliohama, si yeye. Wakati wa Wajerumani, Karagwe na Rwanda zilikuwa chini ya dola moja. Kwa mapatano ya Milner na Orts ya 1919, Gisaka, iliyoko magharibi ya mto, iliwekwa upande wa Waingereza. Baada ya miaka michache ikarudishwa Rwanda chini ya Wabelgiji. Mkulima wa Gisaka alibadilishiwa serikali mara mbili bila kutoka shambani mwake.

Tatizo la pili ni nguvu. Ravenstein alikubali mwaka 1889 kwamba sheria za uonevu, kodi nzito na shuruti huondosha watu, lakini alishikilia kwamba hakuna mkondo uwezao kulingana na ule utokanao na hamu ya maisha bora. Historia ya Kagera haimwungi mkono kikamilifu. Machafuko ya Rwanda yaliyoanza 1959 yaliwaleta wakimbizi waliopewa makazi Kimuli na Nkwenda, ambako sasa ni Kyerwa. Mwaka 1980 serikali ya Tanzania ilitangaza kuwapa uraia wakimbizi wa Kinyarwanda wapatao 36,000. Mwishoni mwa Aprili 1994 watu wapatao 250,000 walivuka Rusumo, wilayani Ngara, kwa muda wa siku moja hivi. Karagwe nayo ikapata kambi zake. Desemba 1996 wengi wao walirudishwa. Hapo mkondo wa kurudi ulikuwako, kama kanuni isemavyo, ila uliendeshwa kwa amri.

Kiswahili chaonyesha kasoro ya njia ya Ravenstein waziwazi. Kuhama ni kuacha mahali. Kuhamia, kitenzi cha kutendea, hudai kutajwa mahali pa kufikia. Kuhamishwa hudai awepo mwingine atendaye. Hesabu ya watu hulinganisha mahali pawili, pa kuzaliwa na pa kukutwa. Kwa hiyo huonyesha kuhama na kuhamia, nayo hunyamaza juu ya kuhamishwa. Mtu wa Nkwenda na mtu wa Muleba aliyetafuta shamba huingia katika safu moja ya tarakimu.

Ukimya huo una madhara. Mwezi wa Julai 2013 Rais Jakaya Kikwete aliwataka wahamiaji haramu waondoke Kagera katika muda wa majuma mawili, na mwezi wa Septemba Operesheni Kimbunga ikaanza katika mikoa ya Kagera, Kigoma na Geita. Miongoni mwa walioondoka walikuwamo watu waliokwisha kukaa huko miaka mingi. Neno "mhamiaji" lilikuwa limetumiwa kwa aliyevuka jana, kwa aliyehamishwa zamani, na kwa mtoto aliyezaliwa hapo hapo.

Ravenstein alifariki Hofheim, karibu na Frankfurt, mwaka 1913. Katika hesabu ya 1881, ambayo ndiyo aliyoitumia, yeye mwenyewe alikuwa na miaka karibu 30 Uingereza, na bado mahali pake palikuwa katika safu ya waliozaliwa nchi za nje. Atakayeandika historia ya wakazi wa Karagwe na Kyerwa hana budi kuanza na safu hiyo, kisha aulize kila jamaa ilihama, ilihamia, au ilihamishwa.