Nafasi 48 kwa Vijana

Sisi wa Kamina, mji wa reli, tunajua maana ya nafasi: behewa likijaa, wengine hubaki stesheni. Ndivyo ilivyokuwa katika Kombe la Dunia la vijana. Lilianza China mwaka 1985, kwa vijana wasiozidi miaka 16, na timu zilikuwa 16 tu. Nigeria ikashinda. Mwaka 1991 umri ulipandishwa hadi 17. Mwaka 2007 timu zikawa 24, na 4 kati yake zilitoka Afrika. Mwaka 2025, huko Qatar, zikawa 48 katika makundi 12, na Afrika ikapewa nafasi 10.

Wako wanaosema kwamba wingi huu unashusha heshima ya kabumbu. Lakini tuitazame Uganda. Kwa hesabu ya zamani isingefika kabisa, maana iliingia kwa mchezo wa nyongeza, ilipoishinda Gambia. Kumbe, huko Qatar iliifunga Ufaransa 1-0, ikafika katika timu 16 za mwisho.

Basi, wazazi, nafasi zimeongezeka. Tuwaandikishe watoto wetu wanapozaliwa, maana kijana asiye na cheti cha umri hukataliwa, hata awe hodari namna gani.