Asiyeona, Kipaza Sauti na Altare

Ukitoka Segera kwenda Tanga utapita Hale, mkonge ukiwa huku na huku, na Mto Pangani ukizungusha mitambo ya umeme iliyoanza kazi mwaka 1964 kwa uwezo wa megawati 21. Ni mahali pa kupita tu kwa wasafiri walio wengi. Juma hili naomba tusimame hapo kidogo, ndugu msomaji, tumwazie kijana mmoja wa mahali hapo. Haoni. Anataka kuwa mtangazaji wa redio, na umri ukisogea anataka kuwa padri. Swali langu ni hili: kijana huyo angezaliwa miaka ya 1940, historia ingempokeaje?

Kwanza shule. Angengoja. Shule ya wasioona ya Buigiri, Dodoma, ilianzishwa na Waanglikana mwaka 1950. Ile ya Irente, Lushoto, iliyo ya Walutheri, ilikuja mwaka 1963. Kwa hiyo kwa mtoto wa Hale, kusoma kulimaanisha kusafiri hadi Dodoma, au kukaa barazani hadi wenzake wamekwisha oa. Siku hizi angekuwa msichana angeweza hata kusoma sekondari hapo jirani, Korogwe, ambako wasichana wasioona husoma darasa moja na wenzao.

Na angesoma nini? Nukta nundu, kazi ya Mfaransa Louis Braille, ambaye akiwa na miaka 3 alijichoma jicho kwa chombo chenye ncha katika karakana ya baba yake, fundi wa matandiko ya farasi. Mwaka 1824, akiwa na miaka 15 tu, alikuwa amekwisha buni nukta sita zinazosomwa kwa kidole. Watu husahau kwamba huyu naye alikuwa mtu wa kanisa: alipiga kinanda makanisani Paris.

Redio ingemfikia mapema zaidi kuliko kitabu. Sauti ya Dar es Salaam ilianza mwaka 1951, na mbele ya redio hakuna anayeona kuliko mwenzake. Waingereza walilitambua hilo zamani. Mwaka 1926 Bunge lao liliwaondolea wasioona ada ya leseni ya redio. Kwetu, kampeni ya Mtu ni Afya ya mwaka 1973 iliwakusanya watu vikundi vikundi kuzunguka redio. Asiyeona alisikia sawasawa na mwenyekiti wake. Lakini kipindi kilipokwisha, vikafunguliwa vijitabu, na hapo tena akawa mtu wa kusomewa.

Kusikiliza ni jambo moja, kutangaza ni jambo jingine. Mimi niliyekaa studio miaka mingi nasema bila kusita kwamba hakuna kazi pale inayomshinda asiyeona, isipokuwa ile anayonyimwa. Taarifa ikiandikwa kwa nukta nundu, kidole hutangulia na mdomo hufuata. Karatasi haichakachui mbele ya kipaza sauti kwa sababu mkono umetulia juu yake. Muda husomwa kwa saa ya kupapasa. Peter White wa BBC, asiyeona tangu kuzaliwa, alianza kutangaza katika kipindi cha wasioona kiitwacho In Touch mwaka 1974, na baadaye akawa mwandishi wa shirika hilo wa habari za walemavu. Wasikilizaji walisikia mtangazaji, basi.

Sasa altare. Hapa ndipo penye uzito.

Kitabu cha Walawi, sura ya 21, kinamtaja kipofu miongoni mwa wana wa Haruni wasioruhusiwa kusogea kutoa sadaka. (Neno kipofu siku hizi wengi hawalipendi; naliacha hapo kwa kuwa ndivyo Biblia isemavyo.) Kanisa Katoliki liliendeleza katazo la namna hiyo katika sheria zake. Sheria za Kanoni za mwaka 1917 ziliwazuia kupadirishwa wenye kasoro ya mwili isiyowawezesha kuhudumu altareni salama au kwa heshima. Kijana wetu angekuwa Mkatoliki angejibiwa kwa kanuni hiyo, labda kwa upole, lakini angejibiwa.

Ajabu ni kwamba aliyekuwa padri tayari hakuachwa. Monsinyori Louis-Gaston de Ségur wa Ufaransa alipadirishwa mwaka 1847, akapofuka mwaka 1854, na akaendelea kuhubiri, kuungamisha na kuandika hadi kufa kwake mwaka 1881. Mapadri wa namna hiyo waliruhusiwa kurudia Misa zile zile chache, kama ile ya Bikira Maria, wanazozijua kwa moyo. Kwa hiyo kazi yenyewe iliwezekana. Katazo lilikuwa mlangoni, si ndani ya nyumba.

Mlango huo ulifunguliwa na Sheria za Kanoni za mwaka 1983, ambazo hazikuitaja tena kasoro ya mwili kuwa kizuizi cha daraja. Waanglikana na Walutheri, ambao ni wengi huko Korogwe na Usambara, hawakuwa chini ya kanuni hiyo ya Roma. Ila mazoea nayo huweza kuwa sheria.

Bado kuna mambo ambayo sheria haiyaoni. Padri husali akiwa amenyosha mikono yote miwili. Asomaye kwa vidole atainyosha mikono ipi? Au aikariri misale nzima? Tena Biblia kamili ya nukta nundu hujaza zaidi ya vitabu 40. Seminari ngapi zina rafu ya kuviweka, achilia mbali fedha ya kuvinunua?

Maswali kama haya yalipata msemaji Afrika Mashariki. Mwaka 1998, Baraza la Makanisa Ulimwenguni lilipokutana Harare, ulianzishwa mtandao wa kutetea walemavu makanisani, ukaongozwa kutoka Nairobi na Mkenya asiyeona, Samuel Kabue. Mwaka 2003 baraza hilo likapokea tamko lililoandaliwa na mtandao huo, likidai kanisa liwe la wote na kwa ajili ya wote. Baadaye Kabue aliingia katika kamati ya Umoja wa Mataifa inayosimamia mkataba wa haki za walemavu wa mwaka 2006, ambao Tanzania iliuridhia mwaka 2009.

Kuhusu vitabu, ulitiwa saini mkataba mwingine huko Marrakesh mwaka 2013. Kenya imeingia, Uganda imeingia, nasi tumeingia. Chini yake, kitabu kikishageuzwa kuwa nukta nundu na taasisi inayotambuliwa jijini Nairobi, kinaweza kuvuka Horohoro hadi Tanga na kupanda Irente bila kusubiri kibali cha mchapishaji. Kinachosubiriwa ni mtu wa kukigeuza na karatasi nene ya kukichapia.