Thierry Michel: mtengeneza filamu aliyeirudia Kongo miaka 30

Tangu shule za sekondari hadi mikutano ya makanisa, wengi wetu tumeona vipande vya filamu za Thierry Michel bila kujua jina lake. Ni Mbelgiji, aliyezaliwa mwaka 1952 huko Charleroi, nchi ya makaa ya mawe na chuma. Filamu zake za kwanza zilihusu wafanyakazi wa migodi na viwanda vya kwao. Baadaye alipiga picha Brazili na Irani, lakini Kongo ndiyo aliyoirudia zaidi.

Alianza na Zaïre, le cycle du serpent (1992), kisha Mobutu, roi du Zaïre (1999), iliyosimulia utawala wa Mobutu kwa kutumia picha za kumbukumbu. Katika Congo River (2005) alipanda mto kutoka baharini hadi kwenye chanzo chake, huku kwetu Katanga.

Kwa sisi wa Fungurume, iliyo karibu zaidi ni Katanga Business (2009). Inaonyesha Gécamines iliyodhoofika, wawekezaji wa kigeni, Wachina wakiwemo, gavana Moïse Katumbi, na wachimbaji wa mikono wanaogombania udongo uleule. Tangu wakati huo Katanga imegawanywa, na tangu mwaka 2015 sisi ni wa Lualaba. Lakini swali la filamu hiyo bado tunaishi nalo: shaba na kobalti vikitoka, mwenye shamba anabaki na nini?

Kazi hiyo ilikuwa na gharama. Mwaka 2012, baada ya filamu yake kuhusu kuuawa kwa mtetezi wa haki Floribert Chebeya, Michel alirudishwa kutoka uwanja wa ndege wa Kinshasa. Mwaka 2015 alitoa L'homme qui répare les femmes, aliyoiandika na mwandishi wa habari Colette Braeckman. Inamhusu daktari Denis Mukwege, mtoto wa mchungaji, na hospitali ya Panzi huko Bukavu, iliyo chini ya CEPAC, jumuiya ya Kanisa la Kristo Kongo. Mwezi wa Septemba serikali iliipiga marufuku, ikidai inachafua jeshi. Mwezi uliofuata katazo likaondolewa. Mwaka 2018 Mukwege alipewa Tuzo ya Nobel ya Amani pamoja na Nadia Murad.

L'Empire du silence (2021) inarudi kwenye ripoti ya Umoja wa Mataifa ya mwaka 2010, iliyoorodhesha matukio zaidi ya 600 ya uhalifu kati ya 1993 na 2003. Wengi wa waliotenda uhalifu huo hawajafika mbele ya hakimu.

Ndugu zetu wa Kivu na Ituri wanajua maana ya kuzika bila kusikilizwa. Filamu haihukumu mtu, lakini inazuia jambo lisikanushwe kesho. Tunawaomba viongozi wa parokia wawasikilize wazee na mama waliopitia hayo, na kwa ruhusa yao waandike au warekodi ushuhuda, wautunze mahali salama.