Kitabu Kitakatifu cha Mu: Bara Lililozaliwa na Kosa la Kusoma

Leo tuweke kando habari za programu tuzungumze historia. Lakini msiende mbali, tarakilishi itaingia tu.

Wapo watu wanaoamini kwamba zamani sana kulikuwa na bara kubwa katika Bahari ya Pasifiki lililoitwa Mu. Wakazi wake walikuwa milioni 64, mfalme wao aliitwa Ra Mu, na jua lilikuwa alama ya Mungu wao. Eti yapata miaka 12,000 iliyopita bara hilo likazama lote.

Aliyezieneza sana habari hizi ni Mwingereza James Churchward, katika kitabu alichokitoa Marekani mwaka 1926. Alidai kwamba alipokuwa India, kuhani mmoja wa hekaluni alimwonyesha vibao vyenye maandiko matakatifu ya Mu, akamfundisha na kuvisoma. Hekalu lipi? Hakutuonyesha. Vibao viko wapi? Hakuna mtaalamu aliyepata kuvishika. Ni kama mtu akusifie programu yake kutwa kucha, lakini ukimwomba msimbo wake auone mtu mwingine, anabadilisha mazungumzo.

Sasa jiulize, hilo jina Mu lilitoka wapi? Hapa ndipo penye utamu.

Mwaka 1562, huko Maní katika rasi ya Yucatán, Mexico, kasisi Mhispania Diego de Landa alichoma moto vitabu vya Wamaya akiviita vya shetani. Baadaye, huyo huyo akaandika habari za Wamaya, na akataka alfabeti yao. Akamwita Mmaya anayejua kuandika, akamtajia herufi moja moja kwa Kihispania, naye akachora.

Kumbe Wamaya hawakuandika kwa herufi. Walikuwa na alama za maneno mazima na alama za silabi. Sisi tuliojifunza "a e i o u, ba be bi bo bu" darasa la kwanza tunaelewa upesi: Landa alipotamka "be" akimaanisha herufi B, yule Mmaya alichora silabi "be". Alipoambiwa aandike sentensi yoyote, aliandika kwa silabi maneno yenye maana ya "sitaki". Nadhani alikuwa amechoka!

Miaka 300 ikapita. Mwaka 1862 Mfaransa Brasseur de Bourbourg aligundua nakala ya maandishi ya Landa mjini Madrid. Akaichukua ile "alfabeti" na kuitumia kusoma kitabu cha Wamaya kilichosalia Hispania. Akaona humo hadithi ya nchi iliyozama, na alama mbili alizodhani ni M na U. Basi, Mu ikazaliwa. Mwenzake Augustus Le Plongeon akaipamba, kisha Churchward akaihamishia Pasifiki.

Sote tumewahi kufungua faili kwa usimbaji usio wake, tukaona vibox na alama za kuuliza. Tarakilishi angalau inakuonyesha takataka, ukajua mambo yameharibika. Akili ya binadamu haifanyi hivyo. Ikikosa maana, inaitunga.

Kitabu chenyewe kipo hadi leo katika Museo de América, Madrid. Hakina bara lililozama. Kina kalenda za makuhani, mambo ya mvua na kilimo, hata kurina asali.

Aliyefungua kufuli ni Mrusi Yuri Knorozov, mwaka 1952. Yeye aliichukua orodha ile ile ya Landa, ila akaisoma kama silabi. Juu ya picha ya bata mzinga akapata ku-tzu, yaani "kutz", bata mzinga kwa Kimaya. Juu ya picha ya mbwa akapata tzu-lu, yaani "tzul", mbwa. Tazama: alama ya "tzu" ni moja katika maneno yote mawili, na picha zinathibitisha. Hilo ndilo jaribio la kweli, na mtu yeyote anaweza kulirudia.

Jiolojia nayo ilimaliza kesi. Sakafu ya Pasifiki ni mwamba wa basalti, tofauti na mwamba mwepesi wa mabara. Bara halizami kama mtumbwi.

Mtauliza, hadithi tu ina ubaya gani? Churchward aliandika kwamba watawala wa Mu walikuwa weupe, na kwamba Misri na miji ya Wamaya yalikuwa makoloni yao. Yaani waliojenga wananyang'anywa kazi yao na kupewa watu ambao hawakuwapo. Sisi Waafrika wimbo huo tunaujua: Zimbabwe Kuu nayo iliwahi kuhesabiwa kazi ya Wafoinike, mpaka wachimbuzi wa mambo ya kale, Randall-MacIver mwaka 1905 na Caton-Thompson mwaka 1929, walipoonyesha kwamba ni ya Waafrika.

Vitabu vya Wamaya vilivyosalia kutoka kabla ya Wahispania ni vinne tu. Mamilioni ya Wamaya wako hai, wanazungumza lugha zao, na sasa wapo wanaojifunza upya kuandika kwa alama za mababu zao.

Kwa hiyo ukiletewa andiko la ajabu, uliza maswali matatu: Liko wapi? Nani mwingine amelisoma? Akilisoma, anapata jibu lile lile? Likishindwa yote matatu, furahia hadithi, lakini usiiite historia.